Kisigino cha Mla-Kiporo

Paukwa!

Pakawa!

Aliyekaa mlangoni?

Afunge mlango!

Aliyekuja na lake moyoni?

Alitoe tulione!

Na mimi je?

Wewe sema, sisi tumekaa!

Haya, nasema. Lakini kwanza sogeeni motoni niwaone nyuso. Wewe wa nyuma huko, uliyejifunika shuka mpaka puani, sogea. Nimeacha chungu changu pale jikoni, kina ukoko mzuri, na mimi watu wa kujifunika siwaamini. Mtajua kwa nini.

Hapo kale, kale ya zamani, miezi haikuwa huko juu angani. Miezi ilikuwa na miguu. Mwezi ulikuja njiani kama mtu, ukapiga hodi, ukakaribishwa, ukala, ukashiba, ukaaga. Msinikodolee macho. Ndivyo ilivyokuwa.

Palikuwa na mji ukiitwa Malangomawili. Mji ulizungukwa na boma la miti, na boma lilikuwa na lango la mashariki la kuingilia na lango la magharibi la kutokea. Miezi yote iliingia huku ikatokea kule. Watu wa mji waliiita wageni, na wageni wa mwaka walikuwa saba. Mpanzi alikuja na kibuyu cha mbegu. Bwana Matone alikuja na mtungi unaovuja. Bi Palilia alikuja na jembe begani. Baada yake alikuja Mla-Kiporo, mikono mitupu, na huyo ndiye mwezi wa njaa. Kisha alikuja Bi Mavuno na tenga lake, Bi Ngoma na ngoma yake, na wa mwisho Bi Mkunga na mkeka wake kwapani. Halafu Mpanzi tena.

Mgeni alikaa muda gani? Watu wa Malangomawili hawakuhesabu siku, walihesabu nyumba. Mgeni alilala Nyumba ya Wageni, na kila siku akala kwenye nyumba moja, kuanzia ile iliyo karibu na lango la mashariki mpaka ile ya mwisho, iliyoegemea lango la magharibi. Nyumba zikiisha, mwezi umekwisha. Mtu akijenga nyumba mpya, mwezi unarefuka. Kwa hiyo ukitaka kugombana na mji mzima, anza kujenga nyumba Mla-Kiporo akiwa mjini. Watakubomolea na wewe umo ndani.

Na wageni wote saba walijitanda shuka jeupe, toka utosini mpaka magotini. Na sheria ilikuwa hii: mgeni haulizwi jina, mgeni hatazamwi usoni, mzigo wa mgeni haufunuliwi. Basi walimjuaje? Walimjua kwa alichobeba. Ukiona tenga, huyo Bi Mavuno. Ukiona mkeka, huyo Bi Mkunga. Wakaridhika hivyo, wala hakuna aliyejiuliza. Watu wengine jamani!

Katika nyumba ya mwisho, ile ya lango la magharibi, waliishi Kidawa na mumewe Makame. Nyumba hiyo waliirithi kwa bibi yake Makame, ajuza Mwanasha. Kidawa alikuwa mjamzito. Mimba mbili zilishamharibikia, akalia mpaka watu wakaogopa kupita mlangoni kwake. Hii ilikuwa ya tatu, na ilikuwa imekaa vizuri. Mtoto alikuwa akipiga mateke mpaka kanga inatikisika.

Lakini katika mji ule mtoto hazaliwi hovyo. Mtoto hutoka Bi Mkunga akiwa mjini, basi. Kabla yake hatoki. Na ambaye hajatoka mpaka Bi Mkunga ameaga, huyo hatoki tena akiwa hai. Kwa hiyo Kidawa alikuwa na jambo moja tu duniani: Bi Mkunga aje, na aje kwa zamu yake.

Sasa sikilizeni vizuri.

Mwaka huo Mla-Kiporo alipofika nyumba ya mwisho, alikula kama kawaida yake. Alimaliza wali, akamaliza mchuzi, akakivuta chungu mapajani akaanza kukwangua ukoko. Kwaru, kwaru, kwaru! Wageni wengine walikuwa na adabu ya kuwaachia watoto ukoko. Yeye hapana. Alikwangua mpaka chungu kikalia.

Akanyanyuka kwenda zake. Na hapo ndipo pana neno. Wageni wengine walisindikizwa hadi lango la magharibi wakaambiwa kwa majina, "Karibu tena, Mpanzi! Karibu tena, Bwana Matone!" Nao wakajibu, "Starehe!" Lakini Mla-Kiporo? Nani mwenye akili zake atamwambia Njaa karibu tena? Huyo alipigiwa vyungu, akafagiliwa nyayo, akamwagiwa majivu, lango likafungwa nyuma yake pu!

Na siku hiyo aliyefagia kwa hasira kuliko wote alikuwa Kidawa. Alichota majivu jikoni kwa upawa, hakuangalia kama yana kaa la moto, akayarusha. Kaa likamganda mgeni kisiginoni, tsss! Mgeni akaruka kwa maumivu.

"Nenda!" Kidawa akapaza sauti. "Nenda usirudi! Mwanangu asikuone!"

Watu wakacheka, wakampigia vigelegele. Lango likafungwa.

Zamani, kila lango lilipofungwa nyuma ya Mla-Kiporo, ajuza Mwanasha alikuwa akichukua kamba yake, akapenya kwenye uwazi wa boma, akisema anakwenda kuokota kuni. Akirudi jioni ana vijiti viwili vitatu. Watu wakimcheka, "Bibi, ndizo kuni hizo?" Naye akipita zake. Lakini mwaka huo ajuza alikuwa ameshafariki, alifariki wakati wa Bi Palilia, na hakuna aliyekwenda kuokota kuni.

Kesho yake, hodi lango la mashariki! Mshika lango alikuwa Mzee Shaame, mtu wa kujua sheria zote na kutojua kingine. Akafungua. Mgeni kajitanda shuka jeupe, kichwani ana tenga limefunikwa kawa.

"Bi Mavuno huyo!" watu wakashangilia. "Njaa imekwisha!"

Mgeni akakaribishwa, akala nyumba ya kwanza, akala ya pili, akala ya tatu. Makame akaenda shambani kuutazama mpunga. Akarudi ameinamisha kichwa.

"Umeiva?" Kidawa akamuuliza.

"Bado."

Kesho yake tena, "Umeiva?"

"Bado."

Na kesho yake, "Je, umeiva?"

"Kidawa mke wangu, mpunga ni kijani kibichi. Hata hausogei."

Zamu ikafika nyumba ya mwisho. Mama mkwe wake Kidawa, Bi Mize, akamwosha mgeni miguu kwa sababu Kidawa alikuwa hainami tena kwa tumbo. Mgeni akaandaliwa. Kidawa yuko nyuma ya pazia, anasubiri vyombo. Mara akasikia. Kwaru, kwaru, kwaru!

Kidawa akashtuka. Bi Mavuno? Bi Mavuno aliyezaliwa kwenye neema, anayeacha nusu sahani kwa kushiba, tangu lini akakwangua chungu?

Mji ukamsindikiza mgeni kwa nderemo. "Karibu tena, Bi Mavuno!" Mgeni akanyamaza. Hakusema starehe, hakusema lolote. Akainamisha kichwa akapita. Kidawa akaliona hilo nalo.

Akamfuata Mzee Shaame. "Shikamoo mzee."

"Marahaba, mwanangu. Tumbo hilo linaendeleaje?"

"Mzee, huyu aliyetoka siye Bi Mavuno. Mpunga haujaiva, na chungu amekikwangua."

"Ulimuuliza jina?" Mzee Shaame akatoa macho.

"Hapana, mzee."

"Umemtazama usoni?"

"Hapana."

"Umefunua tenga lake?"

"Hapana, mzee, lakini..."

"Basi hujui kitu. Nenda kapumzike."

Kidawa akarudi nyumbani, roho haijatulia hata kidogo.

Kesho yake, hodi! Mgeni kajitanda shuka jeupe, kaning'iniza ngoma begani. "Bi Ngoma huyo! Harusi zianze!" Vijana wakatoka uwanjani kucheza, lakini miguu ikawa mizito, na nyimbo zikawakauka midomoni. Wakasingizia jua. Mgeni akala nyumba ya kwanza, akala ya pili, akala ya tatu. Sasa hata wenye maghala makubwa walianza kufagia chini. Watu walikula makopa ya muhogo ili mgeni ale wali.

Ilipofika zamu yake, Kidawa akasema, "Mama, leo miguu ya mgeni nitaiosha mimi."

"Na tumbo hilo? Utainamaje?" Bi Mize akauliza.

"Nitakaa chini."

Akakaa chini, akavuta beseni, akauosha mguu wa kulia. Mguu mkavu, umepauka, vidole vimekonda. Akauosha wa kushoto. Alipofika kisiginoni mkono ukasita. Pale kisiginoni palikuwa na kovu la moto, la mviringo, ngozi yake bado changa, ukubwa wa kaa lililoruka kutoka kwenye upawa.

Kidawa akapaosha taratibu. Mgeni akashtua mguu. Baadaye, kwaru, kwaru, kwaru! Na kule langoni, "Karibu tena, Bi Ngoma!" Kimya. Mgeni akapita.

Kidawa akamvuta mama mkwe wake pembeni. "Mama, ni yeye. Ni Mla-Kiporo. Nimeona pale nilipomuunguza."

"Ee mwanangu wee," Bi Mize akamshika paji la uso. "Mimba imekupanda kichwani. Kila mtu ana kovu. Mimi mwenyewe ninalo, nikuonyeshe?"

Kidawa akatoka nje. Juu ya boma alikaa Kunguru, ambaye huona ndani na nje kwa pamoja. Kidawa hakumwamini Kunguru, mwizi mkubwa yule, lakini alikuwa hana mwingine wa kumuuliza.

"Kunguru, wageni wakitoka huku, unaona wanaenda wapi?"

"Nipe ukoko nikwambie."

"Ukoko sina, kala mgeni."

"Basi na mimi maneno sina. Ila huyo mgeni wenu simpendi. Tangu aanze kuzunguka, hata jalalani siokoti kitu."

"Kuzunguka? Kuzunguka wapi?"

Kunguru akajiona ameropoka bure bila malipo. Akaruka zake, kwaa!

Sasa Kidawa alijua, na kujua kwenyewe kulikuwa mzigo. Kwa sababu mgeni aliyefuata alikuja na nini? Alikuja na mkeka kwapani. "Bi Mkunga huyo!" mji ukasema. "Kidawa, haya, kazi kwako!"

Kidawa alikaa kitandani, mikono tumboni. Mgeni alikula nyumba ya kwanza, uchungu haukuja. Akala ya pili, haukuja. Akala ya tatu, haukuja. Wanawake wakamkanda, wakamnywesha dawa za mizizi, wakamzungusha uwanjani. Wapi! Na mtoto aliyekuwa akitikisa kanga sasa alicheza mara moja kwa asubuhi, kidogo tu, halafu akatulia.

Maneno yakaanza. Kisimani wanawake walinyamaza Kidawa akifika. "Amebeba nini yule?" "Bi Mkunga yupo na hazai?" "Labda si mtoto." Mji mzima ukamtilia shaka Kidawa, na yule anayekula akiba yao hakuna aliyemshuku. Mzee Shaame akamwita Makame akamwambia, "Mgeni akiondoka mkeo hajazaa, na yeye atatolewa lango la magharibi. Hatuwezi kumpokea Mpanzi na mkosi ndani."

Makame akarudi nyumbani akakaa kizingitini. Akaanza kuunoa upanga wake, akaunoa, akaunoa, wala hakusema anaunolea nini.

Zamu ikafika nyumba ya mwisho. Kidawa hakuwa na mpunga ila ule wa mbegu. Akautwanga, akaupika, machozi yakimwingia chunguni. Mgeni akala. Akakivuta chungu. Kwaru, kwaru, kwaru!

"Mwenye nyumba umenuna," mgeni akasema kutoka ndani ya shuka lake.

"Sijanuna, mgeni. Nasikiliza."

"Unasikiliza nini?"

"Chungu."

Mgeni akauweka mwiko chini. Kisha mgeni akanyanyuka, akachukua mkeka wake, akaenda langoni.

Mji wote ulikuwa pale. "Karibu tena, Bi Mkunga!" Kimya. Mgeni akapita. Mzee Shaame akamgeukia Kidawa, akafungua mdomo kutoa hukumu, lakini Kidawa hakungoja kutolewa. Akajifunga kanga kiunoni, akatoka mwenyewe, akamfuata mgeni nje ya lango. Hakuna mwanamke aliyewahi kufanya hivyo mchana kweupe. Watu walishika vichwa.

Mgeni akageuka. "Unakwenda wapi?"

"Nakusindikiza."

"Umeshanisindikiza. Rudi."

"Bado."

Wakaenda. Wakapita mashamba ya mpunga wa kijani.

"Sasa umefika mbali. Rudi."

"Bado."

Wakaenda. Kidawa anahema, mkono mmoja mgongoni.

"Utazalia njiani wewe. Rudi."

"Nikizaa njiani nitafurahi. Bado."

Wakafika njia panda. Njia moja ilikwenda mtoni. Nyingine ilizunguka nyuma ya kilima, ikarudi hadi lango la mashariki, na hiyo ilikuwa imekanyagwa mpaka majani yamekufa. Chini ya kichaka palikuwa na tenga na ngoma. Mgeni akasimama.

"Mtoni ni huku," Kidawa akasema.

"Unanijua?"

"Sikuulizi jina, sikutazami usoni, sikufunulii mzigo. Nakitazama kisigino. Hicho nilikiunguza mimi."

Mla-Kiporo akashusha shuka. Uso ulikuwa wa mtu aliyechoka, basi, wala hakuwa na pembe. Akaketi juu ya jiwe.

"Wenzake wako wapi?" mnataka kuuliza? Kidawa naye aliuliza hivyo hivyo. "Wageni wa kweli wako wapi?"

"Wako nyuma ya kilima, karibu na lango la mashariki. Mwezi hauingii mwingine akiwa bado hajavuka mto. Wanangoja. Mizigo yao niliichukua nikawaambia nawapunguzia uzito."

"Na wewe kwa nini huvuki? Unatuua! Unamuua mwanangu!"

"Njoo uone."

Wakashuka mtoni. Mla-Kiporo akaingiza mguu majini. Mto ukafura, ukauliza kwa sauti nzito, "Umeagwa?"

"Nimefungiwa lango," Mla-Kiporo akajibu.

"Rudi," Mto ukasema, ukamtupa ukingoni.

Akaingia tena. "Umeagwa?" "Nimeagwa kwa jina la Bi Mavuno." "Hilo si lako. Rudi." Akaingia mara ya tatu. "Umeagwa?" "Nimeagwa kwa jina la Bi Mkunga." "Si lako. Rudi."

Akakaa ukingoni, amelowa. "Kila mwaka ajuza mmoja alikuwa akija hapa na kamba ya kuni. Alikuwa akiniambia neno moja tu, nikavuka. Mwaka huu hakuja. Nilizunguka kilima nikarudi kumtafuta. Lakini mimi nikiingia kwa sura yangu mnanipiga vyungu. Ndipo nikachukua tenga."

"Ungesema!"

"Nani angenisikiliza? Wewe ulinirushia moto."

Kidawa akakitazama kile kisigino. Akakumbuka vile vijiti viwili vitatu vya ajuza Mwanasha, na vicheko vya watu, na chake kikiwemo. Aibu ikampanda. Lakini hakumwamini moja kwa moja, la! Kidawa hakuwa mjinga.

"Neno lenyewe ni karibu tena?"

"Ndilo hilo."

"Nikisema, utageuka hapa hapa urudi nyumbani kwangu?"

"Nitavuka. Nitarudi kwa zamu yangu."

"Zamu ipi?"

"Baada ya Bi Palilia, kabla ya Bi Mavuno."

"Na utarudi kwa nani?"

Hapo Mla-Kiporo akatazama chini. "Kwa aliyenikaribisha. Mlo wa kwanza utakuwa wake. Ajuza alikuwa akinilisha kwa siri, kabla ya nyumba ya kwanza. Sasa itabidi nilishwe na wewe. Na mtoto wako atanijua."

Kidawa akayashika maji ya macho yasimwagike. Aliapa mwanawe asimwone huyu, na sasa amwalike kwa mdomo wake? Akasubiri teke la mtoto limwambie la kufanya. Teke halikuja. Akasubiri tena. Halikuja. Akakandamiza tumbo kwa mikono miwili, na hapo hofu ikashinda mengine yote.

Akapiga magoti kwenye matope. Akafungua pindo la kanga, akatoa mafuta ya nazi aliyobeba kwa ajili ya kuzaa, akampaka Mla-Kiporo kisiginoni. Akapaka pole pole, pale pale alipounguza.

"Nisamehe," akasema. "Na karibu tena, Mla-Kiporo. Karibu kwangu. Baada ya Bi Palilia, kabla ya Bi Mavuno, usiwahi na usizidishe."

Mla-Kiporo akanyanyuka. "Starehe," akasema.

Akaweka mkeka chini, akaingia majini. "Umeagwa?" Mto ukauliza. "Nimeagwa!" Mto ukatulia, ukampisha. Kidawa alisimama pale akimtazama mpaka amefika ng'ambo, na hata alipofika ng'ambo akaendelea kutazama, asije akarudi.

Kichakani kukatikisika. Akatoka Makame na upanga wake. Kumbe alikuwa amewafuata tangu langoni, maana yeye naye alikuwa na mashaka yake: hakujua atamkata mgeni, au atamkata yeyote atakayemgusa mkewe. Akautupa upanga, akajitwika tenga, akabeba ngoma, Kidawa akashika mkeka, wakarudi.

Na mwajua nini? Wale wageni watatu wa kweli walikuwa wanadai kuingia, lakini milo yao ilishaliwa, nyumba zote zilishapika. Basi kwa mara hiyo tu zamu zikaunganishwa, wakaingia wote siku moja. Bi Mavuno akaingia, mpunga ukageuka rangi ya dhahabu watu wakiutazama. Bi Ngoma akaingia, miguu ikawa myepesi, hata Mzee Shaame alionekana akitingisha bega. Na Bi Mkunga akaingia akikimbia, akiuliza, "Mwenye mkeka wangu yuko wapi?"

Kidawa alikuwa ameanguka kizingitini kwake, uchungu umemshika, anauma kanga. Bi Mkunga akapiga goti. "Nipe mkono, mwanangu."

"Kwanza miguu!" Kidawa akasema kati ya meno.

"Miguu ya nini, mwanamke? Mtoto anakuja!"

"Nionyeshe visigino!"

Bi Mkunga akacheka mpaka shuka likamwanguka. Akageuka, akaonyesha visigino, cha kulia na cha kushoto, vyote laini havina kovu. Ndipo Kidawa akampa mkono. Mtoto akatoka wa kike, kimya kwanza, Kidawa akajisikia anakufa, halafu mtoto akalia, akalia kwa nguvu mpaka Kunguru akahama boma. Wakamwita Siagwi, maana huyu alikuja kukaa, na Kidawa alimlaza kifuani akilia naye.

Mwaka ukazunguka. Mpanzi akaja, Bwana Matone akaja, Bi Palilia akaja akaaga. Hodi lango la mashariki. Mikono mitupu. Kidawa alikwenda langoni mwenyewe, akasema, "Karibu." Akampikia mlo wa kwanza, wazi, mbele ya watu. Bi Mize akanuna, Mzee Shaame akanuna, lakini akapika.

Mgeni akala wali. Akala mchuzi. Akakivuta chungu mapajani. Kidawa yuko nyuma ya pazia, masikio yamesimama. Kwaru...

Kimya.

Kidawa akafunua pazia haraka. Siagwi alikuwa ametambaa mpaka pale, amekikamata kisigino cha mgeni kwa vidole vyake vidogo, anacheza na kovu. Na mgeni, ambaye tangu dunia iumbwe hajaacha hata punje, alikuwa amekisukuma chungu kuelekea kwa mtoto, ukoko wote umo ndani.

Kidawa akauchukua ule ukoko. Akaunusa. Akaugeuza. Akaonja kwanza yeye mwenyewe, akasubiri kidogo aone kama atadhurika. Hakudhurika. Ndipo akaumega, akampa mwanawe.

Tangu hapo Mla-Kiporo huondoka kwa zamu yake, na mji mzima humsindikiza hadi mtoni, ingawa wengine husema "karibu tena" kwa sauti ndogo sana. Mafunzo ya ngano yangu ni haya: shida ukiifukuza bila kuifikisha mwisho wa njia, huzunguka nyuma ya nyumba ikaja imevaa nguo nzuri. Na mwenye kutilia shaka asidharauliwe. Mwulizeni ameona nini.

Ngano yangu imefika langoni. Naisindikiza mpaka mtoni, naiambia karibu tena.

Nanyi semeni!

Starehe!

Sasa hakuna kuondoka. Nimesikia kitu jikoni wakati nasimulia. Kwaru, kwaru. Wewe uliyejifunika shuka, ulikuwa wapi nilipofika pale mtoto alipozaliwa? Nyoosheni miguu yote mbele ya moto, nataka kuona visigino.